Sammo Hung: maswali yanayoulizwa mara kwa mara kuhusu kibonge wa kung fu

Waliokulia kwenye vibanda umiza wanaijua sura ya mtu huyu hata kama jina lake hawalijui. Mnene, mfupi wa shingo, anaruka sarakasi kama kijana wa kilo hamsini. Nimeulizwa habari zake mara nyingi kiasi kwamba nimeona niyaweke majibu mahali pamoja. Nimejibu kwa urefu pale ambapo kuna jambo la kusema, na kwa ufupi pale ambapo hakuna.

Sammo Hung ni nani? Ndiye yule kibonge wa kwenye muvi za Jackie Chan?

Ndiye. Ila kumwita "kibonge wa muvi za Jackie Chan" ni kuyapindua mambo, kwa sababu muvi kadhaa kati ya hizo ni zake yeye. Yeye ndiye aliyekaa nyuma ya kamera, akapanga mapigano, halafu akavuka upande wa pili na kuigiza. Alizaliwa Hong Kong tarehe 7 Januari 1952. Ni mwongozaji, mwigizaji, mtayarishaji na mpangaji wa mapigano, na kwa maoni yangu hakuna aliyezidi yeye kuziunganisha kung fu na vichekesho katika miaka ya 1980.

Jina lake halisi ni lipi, na "Sammo" limetoka wapi?

Kwa Kikantoni anaitwa Hung Kam-bo. Kwa Kimandarini, Hong Jinbao. Ndiyo maana unaweza kukuta mikanda miwili ya mtu yule yule ina majina mawili. "Sammo" ni jina la utani la utotoni lenye maana ya "nywele tatu", kutokana na katuni maarufu ya Kichina ya mtoto maskini mwenye nywele tatu tu kichwani.

Alitoka familia ya filamu?

Tena ya zamani. Bibi yake, Chin Tsi-ang, alikuwa miongoni mwa wanawake wa kwanza kabisa kuigiza filamu za mapigano nchini China, na babu yake alikuwa mwongozaji. Wazazi wake walifanya kazi ya mavazi ya waigizaji, na kwa kuwa kazi hiyo iliwachukua muda wote, mtoto alilelewa na babu na bibi.

Alijifunzia wapi kupigana?

Hakujifunza kupigana kwanza. Alijifunza opera, yaani maigizo ya jukwaani ya Kichina yenye kuimba, ngoma na sarakasi, na jambo hili ndilo ufunguo wa kila kitu alichofanya baadaye.

Mwaka 1961, akiwa na miaka tisa, aliandikishwa katika chuo cha opera ya Peking huko Kowloon kilichoendeshwa na mwalimu Yu Jim-yuen. Mkataba wake ulikuwa wa miaka saba. Mzazi alipokwishatia sahihi, mtoto alikuwa wa mwalimu: analala hapo, anakula hapo, anachapwa hapo, na anachokipata jukwaani kinakwenda kwa mwalimu. Siku nzima ilikuwa mazoezi ya kunyoosha miguu mpaka ipasuke, kusimama kwa mikono huku miguu imeegemezwa ukutani mpaka mabega yatetemeke, sarakasi, mikuki, kuimba, kujipaka rangi usoni. Mmoja akikosea, wote wanaadhibiwa.

Watoto bora wa chuo waliunda kikundi kilichojulikana kama Seven Little Fortunes. Walitumia jina la "Yuen" kwa heshima ya mwalimu, na baadhi yao wamelibeba hadi leo: Yuen Biao, Yuen Wah, Corey Yuen. Jackie Chan naye alikuwa humo. Sammo alikuwa mkubwa wao, kwa hiyo aliitwa Kaka Mkubwa, na mwalimu akiondoka yeye ndiye aliyesimamia wadogo. Alikuwa mkali, na wadogo zake wamelisema hilo hadharani mara nyingi.

Ukilijua hili, mapigano yake unayatazama kwa jicho jingine. Katika opera ya Peking kila hatua ina pigo lake la ngoma, na mwigizaji anajifunza kusimama kidogo baada ya pigo ili hadhira ione, kisha aendelee. Filamu za Sammo zina mdundo huo huo: pigo, pigo, pigo, tulia, pigo. Hata mtu asiyeelewa neno moja la Kikantoni anajua lini acheke na lini ashtuke, kwa sababu mwili unamwambia.

Unene wake ulianzaje?

Karibu na kumaliza mafunzo aliumia, akalazwa kitandani muda mrefu, na uzito ukaja. Haukuondoka. Jambo la kuangalia ni alivyoutumia. Waongozaji wengi wakimpata mtu mnene humfanya aanguke tu, watu wacheke, basi. Sammo humfanya mnene awe fundi kuliko wote, na kicheko kinatoka kwa adui aliyemdharau. Katika Enter the Fat Dragon (1978) anaigiza mfuga nguruwe anayempenda Bruce Lee kupita kiasi. Anatoka shamba kwenda mjini, na kila anayemwona anadhani ni mshamba wa kuchezewa. Mpaka aanze kupiga.

Ni kweli alipigana na Bruce Lee?

Ndiyo, na kila aliyeitazama Enter the Dragon (1973) amemwona. Pambano la kwanza kabisa mle ndani, kabla hadithi haijaanza, Bruce Lee anapigana na kijana mnene na kumkaba mkono akiwa chini mpaka anapigapiga sakafu kukubali kushindwa. Huyo ni Sammo, ana miaka 21.

Kuna pia kisa ambacho Sammo mwenyewe amekisimulia kwenye mahojiano: walikutana kwenye ujia wa studio ya Golden Harvest, wakaulizana kuhusu kung fu, wakasema wajaribu palepale. Sammo alipoanza kuinua mguu tu, mguu wa Bruce ulikuwa umeshafika usoni mwake. Bruce Lee alifariki Julai 1973, na baadaye Sammo ndiye aliyepewa kazi ya kupanga mapigano ya kumalizia Game of Death, filamu ambayo Bruce aliiacha nusu.

Kabla ya kuongoza alifanya nini?

Alikuwa mtu wa kurushwa. Mwishoni mwa miaka ya 1960 aliruka na kuanguka kwa niaba ya waigizaji, kisha akapanda na kuwa mpangaji wa mapigano. Alifanya kazi na King Hu, mwongozaji aliyetaka kila fremu iwe kama mchoro. Akaenda Korea Kusini kujifunza hapkido, mtindo wa mapigano wa Kikorea. Vilevile alipanga vurugu kwenye vichekesho vya ndugu wa Hui, ambao hawakuwa watu wa kung fu hata kidogo, na naamini huko ndiko alikojifunza kuchekesha bila kutumia ngumi.

Aliongoza filamu ya kwanza lini?

1977, The Iron-Fisted Monk. Alikuwa na miaka 25.

Kung fu ya kuchekesha aliianzisha yeye?

Hapana, na tusimpe kisicho chake. Mwongozaji Lau Kar-leung alikwishatia vichekesho kwenye kung fu mwaka 1975, na mwaka 1978 Yuen Woo-ping alimwongoza Jackie Chan kwenye Drunken Master, ndipo mtindo huo ukalipuka. Kabla ya hapo kung fu ilikuwa kisasi tu: mwalimu kauawa, mwanafunzi analia, anafanya mazoezi, anaua.

Alichoongeza Sammo ni kitu kingine, na ni kitu ninachokipenda kuliko vyote. Anakuchekesha ili uwapende watu wake, kisha anawaumiza mbele ya macho yako. Filamu inakwenda kwa kicheko nusu saa, dakika arobaini, umeshajiachia kabisa, halafu anakufa mtu ambaye hukutarajia. Wapo wanaosema huo ni mchanganyiko usiokaa vizuri. Mimi naona hiyo ndiyo saini yake. Chukua Pedicab Driver (1989), hadithi ya waendesha baiskeli za abiria huko Macau. Humo wanapigana kwa mirija ya taa kama panga za kwenye sinema za anga, na Sammo anapambana na Lau Kar-leung mwenyewe kwa fimbo ndani ya nyumba ya kamari, pambano ambalo mimi naliweka juu ya mengi yenye sifa kubwa zaidi. Kisha inakuja ndoa. Bwana harusi na bibi harusi, maskini wote wawili, uliokaa nao kwenye utani muda wote huo, wanauawa usiku ule ule wa harusi. Kicheko kinakauka mdomoni. Pambano la mwisho linalofuata hulitazami tena kama mchezo.

Zile muvi za maiti wanaorukaruka, ni zake?

Mtindo huo ulishika moto kwa sababu yake. Mwaka 1980 aliongoza na kuigiza Encounters of the Spooky Kind, akichanganya kung fu, vichekesho na maiti wa imani za Kichina, wale wanaoruka kwa miguu yote miwili huku mikono imenyooka mbele. Miaka mitano baadaye akatayarisha Mr. Vampire, iliyoongozwa na Ricky Lau, na hiyo ndiyo iliyofanya watoto kila mahali waruke ua mzima na karatasi ya njano kwenye paji la uso, kama ile ya kuwazuia maiti hao.

Niisimulie kidogo ya 1980. Sammo ni dereva wa gari la farasi anayejulikana kwa ushujaa. Bosi wake ana uhusiano na mkewe, na ili amwondoe anamkodi mganga. Shujaa wetu anashawishiwa kwa dau alale kwenye nyumba yenye jeneza. Mganga mwingine mwema anamshauri: chukua mayai ya kuku, na kila maiti akitaka kuinuka, mtupie yai. Anakwenda kununua. Muuzaji mayai ya kuku hayamtoshi, anachanganya na ya bata. Usiku umeingia, Sammo yuko juu na kikapu chake, jeneza linafunguka, anatupa yai, maiti analala. Anatupa jingine, analala. Mtazamaji anajua kilichomo kikapuni, Sammo hajui. Unakaa unahesabu mayai pamoja naye mpaka mkono ushike la bata.

Mapigano hayajaanza hapo. Ni mtu, kikapu na jeneza. Mwongozaji anayeweza kukushika namna hiyo kwa mayai ameijua kazi.

Filamu yake bora ya kung fu ni ipi?

The Prodigal Son (1981), na sioni inayokaribia. Yuen Biao ni Leung Jan, kijana wa tajiri wa Foshan anayejiona bingwa wa mtaa. Hajui kwamba baba yake huwa anaagiza wapinzani wahongwe ili washindwe. Anakutana na mwigizaji wa opera anayecheza nafasi za wanawake, dhaifu, mgonjwa wa pumu, na mtu huyo anampiga bila kutoka jasho. Hapo ndipo ushindi wake wote wa zamani unapogeuka aibu.

Mwigizaji huyo wa opera ni Lam Ching-ying, na kwa ajili ya nafasi hiyo alinyolewa nyusi. Mtazame anapopigana na adui mkuu: ngumi za karibukaribu za wing chun, mmoja wa mitindo ya kung fu, viwiko havitoki mbavuni, mpaka pumu inamkamata katikati. Adui anasimama. Hataki ushindi juu ya mgonjwa. Anasema wapigane siku akipona. Kwa dakika chache unamheshimu adui. Kisha walinzi wake, kwa siri yake, wanaichinja kambi nzima ya opera usiku. Hapo tena, kicheko kisha jeraha.

Leung Jan alikuwa mtu wa kweli, mwalimu wa wing chun wa karne ya 19. Mwanafunzi wake ndiye aliyemfundisha Ip Man, na Ip Man ndiye aliyemfundisha Bruce Lee. Sammo alishamgusa Leung Jan katika Warriors Two (1978), na miaka 30 baadaye akapanga mapigano ya filamu ya Ip Man (2008) ya mwigizaji Donnie Yen. Wengi wanaoipenda Ip Man hawajui kwamba mkono ulioipanga ulianza kazi hiyo kabla wao hawajazaliwa.

Yeye, Jackie Chan na Yuen Biao walifanya filamu ngapi pamoja kama wakuu watatu?

Zinazokumbukwa zaidi kwa hao watatu ni Project A (1983), iliyoongozwa na Jackie, pamoja na Wheels on Meals (1984) na Dragons Forever (1988), zilizoongozwa na Sammo. Kuna pia zile za kundi la Lucky Stars, ambazo Sammo ndiye kiini na wenzake wanapita. Vichekesho vya Lucky Stars vingine vimezeeka vibaya, hasa utani juu ya wanawake, na simlaumu anayezikatisha. Baada ya Dragons Forever hawakurudi tena wote watatu kama wakuu.

Ile ya Hispania yenye mishumaa ni ipi?

Ni hiyo hiyo Wheels on Meals, iliyopigwa Barcelona. Jackie anapambana ndani ya kasri na Benny Urquidez, bingwa wa kweli wa ngumi na mateke kutoka Marekani. Urquidez anazungusha teke, linakosa, na upepo wake unazima mishumaa iliyopangwa mezani. Hao ni watu wawili waliokuwa wakigusana kwelikweli. Nakumbuka benchi zima kibandani likinyamaza, kisha mtu akaomba mkanda urudishwe nyuma, na mwenye kibanda akaurudisha.

Kwani wanapigana kweli?

Wanagusana kuliko unavyofikiri, lakini kila pigo limepangwa. Sammo huwa haji na mapigano yaliyoandikwa kwenye karatasi. Anaangalia mahali alipo: kuna ngazi, kuna meza, kuna mtungi, halafu anayajenga hapo hapo na vijana wake. Vipande vinapigwa vifupi, pigo tano au kumi kwa mkupuo, na kamera inakaa mbali vya kutosha uone miguu na uso kwa pamoja. Nguo hupakwa vumbi ili teke likifika uone moshi unapanda kifuani. Mara nyingine kamera huendeshwa polepole kidogo kuliko kawaida ili ikionyeshwa mwendo uongezeke. Sauti za ngumi, na za waigizaji wenyewe, enzi hizo ziliwekwa baadaye studio.

Kuanguka hakukuwa na ujanja mwingi. Mtu aliyerushwa kutoka ghorofani juu ya meza alirushwa kutoka ghorofani juu ya meza. Vijana wake wa kikosi, waliojulikana kama Hung Ga Ban, waliumia kwa ajili yetu, na ni haki tulijue hilo tunaposhangilia.

Aliwainua akina nani?

Michelle Yeoh, mshindi wa Oscar ya mwaka 2023, alionekana mara ya kwanza kwenye filamu ya Sammo ya mwaka 1984. Lam Ching-ying alikuwa msaidizi wa Bruce Lee, na ni Sammo aliyempa nafasi za kuonyesha uwezo wake wote mpaka akawa mganga mkuu wa filamu za maiti. Lam alifariki 1997 kwa saratani ya ini. Yuen Biao naye filamu zake nzuri kabisa nyingi ziko mikononi mwa Kaka Mkubwa.

Amepata tuzo?

Nyingi za upangaji wa mapigano, zikiwemo za Ip Man na Ip Man 2. Ila inayonigusa ni ya uigizaji. Katika Painted Faces (1988), filamu inayosimulia maisha ya chuo chao cha opera, Sammo alimwigiza mwalimu Yu mwenyewe, yule aliyekuwa akimchapa, na akashinda tuzo ya mwigizaji bora Hong Kong. Hampigi mtu kung fu humo. Anacheza mwalimu mzee anayeona opera inakufa na hana pa kuwapeleka watoto wake. Mwaka 2024 Hong Kong ilimpa tuzo ya heshima ya maisha.

Alikwenda Marekani?

Alikuwa stelingi wa tamthilia ya televisheni Martial Law, 1998 hadi 2000, akiigiza polisi kutoka Shanghai anayefanya kazi Los Angeles. Kiingereza kilimsumbua, mwili haukumsumbua.

Bado anaongoza?

Baada ya Mr. Nice Guy na Once Upon a Time in China and America, zote za 1997, alikaa karibu miaka ishirini bila kuongoza filamu ndefu. Alirudi 2016 na The Bodyguard, akiwa mlinzi mstaafu anayepoteza kumbukumbu. Mapigano yake humo ni ya mzee: hatua chache, anavunja kiungo, anasonga kwa mwingine. Kabla ya hapo, kipindi cha Ip Man 2, alifanyiwa upasuaji wa moyo, na bado akapanda juu ya meza ya duara kupambana na Donnie Yen. Kama mwigizaji yupo: mwaka 2024 alionekana kwenye Twilight of the Warriors: Walled In akiwa bosi wa kihuni, na uzito wa kuingia kwake mlangoni unatosha.

Kwa nini muvi hizi zilitushika sana huku kwetu?

Wapo waliotusaidia: Lufufu kwa Dar es Salaam, DJ Afro kwa Kenya, watu waliosimulia muvi kwa Kiswahili mpaka Wachina wakawa na majina ya mtaani kwetu. Lakini nadhani filamu za Sammo zilikuwa rahisi kuzisimulia kwa sababu watu wake ni wa kawaida. Dereva, mfuga nguruwe, mchinja nyama, mwendesha baiskeli, muuza chakula barabarani. Wana njaa, wanadaiwa, wanachukuliwa wake zao na matajiri. Hakuhitajika mtu wa kutufafanulia hilo.

Nataka kuanza kumtazama. Nianze na ipi?

Kama unataka raha tupu na familia, Wheels on Meals. Kama unapenda za kutisha, ile ya mayai. Kisha The Prodigal Son, na hiyo itazame bila simu mkononi. Pedicab Driver iweke mwisho, ukishamzoea. Na ukipata Painted Faces, itazame baada ya hizo zote, kwa sababu ukimwona akiwashikisha watoto ukuta wasimame kwa mikono, utakuwa umeshaona mikono hiyo ilikofika.